Mpima Mafuta Asiyejipima: Maisha ya Nis Callesen wa Tornbæk

Mchungaji Frode amenijia nyumbani mara mbili, na keki mkononi mara zote mbili, kuniomba niandike karatasi hii. Nilimwambia waandike waliosoma. Akasema mimi ndiye pekee niliyebaki niliyemjua marehemu tangu siku aliyozaliwa. Kwa hiyo kosa langu ni kuishi muda mrefu. Shule yangu mimi ilikuwa ya kudokoadokoa: mwaka 1945 madarasa yetu yalijaa wakimbizi wa Kijerumani, na yalipokuja kuachwa wazi mimi nilishakuwa mkamuaji. Nimeandika kama ninavyoongea, na Mchungaji ameahidi mbele ya mke wake kwamba hatasahihisha hata nukta. Alitaka iwe karatasi ya kufariji. Faraja muulizeni yeye, ndiyo kazi yake. Mimi nitasoma mwenyewe, na atakayekohoa makusudi nitarudia aya.

Marehemu Nis Lorenz Callesen alizaliwa siku ya Alhamisi, tarehe 3 Machi 1949, katika shamba la Nørremark hapa Tornbæk, Jutland ya Kusini. Alikuwa mtoto wa mwisho wa marehemu Jes Callesen na marehemu Anna Callesen. Mimi, Botilla, dada yake mkubwa, nilikuwa na miaka kumi na miwili, na ndimi niliyeshika taa. Alitoka mdogo, mwekundu, kama sungura aliyechunwa. Mkunga akamwambia mama, huyu mlishe. Mama alimlisha. Majirani wakaja na krimu na mayai, nao wakamlisha. Kijiji kizima kiliendelea kumlisha na hakikuacha mpaka Jumatano ya wiki iliyopita.

Alisoma katika shule ya Tornbæk kuanzia mwaka 1956 hadi 1963. Alikuwa mwepesi wa hesabu, mzito wa kila kitu kingine. Mwalimu akiuliza mfalme fulani alitawala lini, Nis aliangalia dirishani. Akiuliza ng'ombe kumi na wawili watakula kiasi gani mpaka majira ya kuchipua, Nis alishajibu kabla chaki haijagusa ubao. Majira ya baridi ya 1967 alikwenda shule ya kilimo, akarudi mwaka uliofuata anajua mambo ya malisho, protini na mafuta, akimsumbua baba mezani kwamba nguruwe wetu wanakula bora kuliko sisi. Baba akamwambia nguruwe wana faida. Huo ndio utani pekee ninaoukumbuka wa baba, na Nis aliucheka miaka yote.

Tarehe 1 Novemba 1969 aliajiriwa na chama cha wafugaji kuwa mpimaji wa maziwa. Vijana hamjui kazi hiyo, kwa hiyo nitaisema. Mpimaji alikwenda shamba kwa shamba na sanduku la chupa. Alipima maziwa ya kila ng'ombe peke yake, ya jioni na ya asubuhi, akachanganya na tindikali, akazungusha kwenye mashine mpaka mafuta yakapanda juu ya kichupa na kusomeka. Kisha alikaa na mkulima akamwambia huyu apewe chakula kiasi hiki, yule apunguziwe. Kwa sababu ya maziwa ya asubuhi, miaka ile ya mwanzo alilala hapohapo shambani, na aliyelala alikaribishwa mezani.

Kazi hiyo aliijua. Hilo simnyimi. Alikuwa akiingia zizini anasimama, ananusa. Ng'ombe aliyenenepeshwa kupita kiasi kabla ya kuzaa alimtambua kwa pumzi: alisema inanuka kama matunda yaliyoiva yakapitiliza. Nilikuwepo siku moja kwa Thyge Bladt, mkulima wa Østergård, mtu mwenye kiburi na ng'ombe wanene. Thyge alikuwa akimsifia ng'ombe wake wa maonyesho, anang'aa kama kabati lililopigwa polishi. Nis akamnusa puani.

"Huyu umemharibu," akasema.

"Huyu ndiye mzuri kuliko wote," akasema Thyge. "Mwangalie alivyojaa."

"Amejaa mpaka ini. Akizaa ataacha kula, mwili utaanza kula mafuta yake, na ini litashindwa kuyabeba. Leo ni pumzi, kesho miguu, keshokutwa moyo. Mpunguzie pumba, mtoe nje atembee."

Thyge alimfukuza zizini. Ng'ombe akazaa wiki ile, akalala chini, asiamke. Kuanzia hapo Nis Callesen akisema mpunguzieni, mkulima alipunguza, hata mke wake akilia. Ng'ombe wa wilaya hii waliishi kwa sababu yake.

Ila jioni, akishaosha mikono, mpimaji aliitwa sebuleni.

Mnajua kilichokuwa sebuleni. Keki laini saba na ngumu saba, kwanza mikate tamu ya siagi, kisha za krimu, kisha za jemu, kisha biskuti kavu mpaka ya mwisho, na kahawa katikati. Mgeni anaanza mwanzo anamaliza mwisho. Akiruka moja, mwenye nyumba anajua, na kesho yake kijiji kinajua. Nyumba hii ikiweka saba, nyumba ya pili inaweka nane, kwa sababu mpimaji anatoka hapa anakwenda pale, na ataulizwa. Yeye ndiye aliyekuwa akipima maziwa, lakini wake zenu na mama zenu walimfanya apime keki pia.

Najua mtakavyosema. Gunda Petersen, mwenyekiti wetu wa ukumbi wa kijiji, anasema kila mwaka kwenye hotuba yake kwamba meza ya kahawa ni uzalendo. Kwamba babu zetu, enzi Wajerumani walipotutawala, walinyimwa leseni ya pombe, wakajenga kumbi zao na kuimba nyimbo za Kidenmaki juu ya kahawa na keki. Ni kweli. Ila babu zetu walilima kwa jembe la farasi na kukusanyika mara chache. Nyinyi mmebaki na keki, farasi mmemuuza.

Nis naye alikuwa na farasi wake wa kuuza. Alianza na baiskeli nzito, akipanda na kushuka na sanduku lake. Mwaka 1974 chama kikampa gari. Keki zilibaki vilevile.

Tarehe 22 Mei 1976, Jumamosi, alifunga ndoa katika kanisa hili na Kjestine Bladt, binti wa Thyge yuleyule aliyemfukuza zizini. Kjestine alituhadithia kwamba alikuwa amesimama nyuma ya mlango wa zizi siku ile, na alipomsikia kijana anamwambia baba yake umemharibu ng'ombe, alijua hapo hapo. Hakuna mtu mwingine Tornbæk aliyewahi kumwambia Thyge kitu usoni. Walijaliwa mtoto mmoja, Jes, aliyezaliwa tarehe 10 Oktoba 1977. Kjestine alikuwa wifi mwema. Alikuwa na mkono wa kukata: kila keki aliyotoa yeye, Nis alipewa nusu, na akinung'unika anaambiwa nusu nyingine ameshakula kwa jirani. Saratani ilimchukua tarehe 14 Januari 2009, na mwaka huohuo marehemu aliacha kazi kwa sababu ya miguu.

Sasa nakuja kwenye ugonjwa, na hapa Mchungaji alinisihi niseme "baada ya kuugua kwa muda" nipite. Sipiti.

Mwaka 1994 aliambiwa ana presha. Akapewa kidonge. Mwaka 1998 kidole gumba cha mguu kilivimba usiku kikawa kama kiazi, jongo hilo, akapewa kidonge cha pili. Alikuwa anakoroma mpaka Kjestine alihamia chumba cha juu. Mwaka 2003 ikaja sukari, cha tatu. Kisha mafuta ya damu. Kisha wakasema ini lina mafuta, kisha macho, kisha figo. Kila kimoja na daktari wake, na kidonge chake, na siku yake ya kliniki. Na marehemu, Mungu amsamehe, alifurahia. Mkimuuliza hali aliyataja yote kwa mpangilio, kama mtu anayewatembeza ng'ombe wake kwenye maonyesho. "Nimeongezewa kimoja," alikuwa akisema. Nilimwambia siku moja, Nis, wewe si mgonjwa, wewe ni mfugaji wa magonjwa. Akacheka tumbo likatikisika, na lilikuwa tumbo la kutikisika.

Daktari Sidsel Ravn alikuja zahanati yetu mwaka 2010. Ni binti wa wafugaji, mtu wa maneno machache, na kwa hilo tu nilimheshimu. Kjestine alikuwa hayupo tena, kwa hiyo nilikwenda mimi na mdogo wangu, nikakaa kiti cha pembeni nikimshikia koti. Daktari hakuanza na mashine. Alichukua utepe wa kupimia akauzungusha kiunoni kwa Nis.

"Unanipima kama fahali wa maonyesho," akasema Nis.

"Fahali wa maonyesho huwa wanatembezwa," akasema daktari.

Kisha akamweleza, na nilisikiliza kila neno kwa sababu hakuna aliyewahi kutuambia hivyo. Akamwambia haya si magonjwa saba yaliyokutana kwako kwa bahati mbaya. Ni moja. Mwili umepewa sukari na wanga kupita mahitaji kwa miaka mingi, mpaka umeacha kuitikia insulini. Kongosho linaita, mwili hauitiki; linaita kwa nguvu zaidi, mwishowe linachoka. Kinachozidi kinawekwa tumboni ndani kabisa, kinawekwa kwenye ini, na kutoka hapo kinaharibu mishipa. Na mishipa ndiyo inayolisha figo, macho, miguu na moyo. Ndiyo maana kila mahali panauma. Vidonge utaendelea navyo, akasema, lakini vidonge vinafuata nyuma.

Nis akahesabu vidole vyake. Akasema, "Kumbe ninaumwa kimoja tu. Nilidhani hali yangu ni mbaya."

Daktari hakucheka. Akamwuliza, "Umepima ng'ombe miaka arobaini. Nikikuletea ng'ombe mwenye tumbo hili, ini hili na pumzi hii, utaniandikia nini?"

Nikamwona anajibu kabla hajajizuia, kama shuleni. "Ningemwondolea chakula cha nguvu. Ningempa majani. Ningemtoa nje kila siku, hata akigoma."

"Basi."

"Mimi si ng'ombe, daktari."

Jibu hilo nimelibeba miaka minane. Ng'ombe angepona. Ng'ombe haalikwi kwa majirani, hana wa kumwogopa akikataa sahani.

Daktari akamwandikia ale nini: mboga, samaki, nyama kidogo, na badala ya mikate laini na keki, kipande cha mkate mweusi, huu wetu mgumu wa nafaka nzima. Tulipotoka nje Nis akarudia hilo la mkate mweusi mara kadhaa garini. Nikafurahi. Nilidhani ameshika jambo.

Hapo ndipo wanawake wa ukumbi walipoingia. Mgane hawezi kuachwa na njaa, walisema, wakapanga zamu. Jumatatu huyu, Jumanne yule, na Gunda Petersen Alhamisi. Nilimwambia Gunda alichoandika daktari. Akanijibu kwamba amesikia, na kuwa mimi si mtu pekee mwenye masikio. Alhamisi iliyofuata nikamkuta mezani kwa Nis na keki ya mkate. Wageni wa mbali wasioijua: mkate mweusi unasagwa chenga, unachanganywa na mayai na sukari, unaokwa, unakatwa tabaka, katikati jemu ya matunda meusi, juu krimu ya kupigwa, urefu wa kiatu.

"Gunda, hicho ni nini?" nikamwuliza.

"Mkate mweusi, Bi Botilla. Daktari kasema mkate mweusi, sivyo?"

"Na sukari iliyomo?"

"Lazima ushikane."

"Na jemu?"

"Matunda."

"Na hiyo krimu?"

"Krimu haina wanga. Nimesoma."

Nikamgeukia mdogo wangu, mtu aliyeweza kusoma mafuta kwenye kichupa cha kioo kwa jicho moja limefumbwa. Alikuwa ameshashika uma. "Dada, acha maneno," akaniambia. "Ni mkate."

Wote walikuwa wakisema hivyo. Zamu zote zikawa keki ya mkate. Kijiji kizima cha watu wazima, wenye magari na simu, waliosoma shule zao mpaka mwisho, walikaa wakaamua kwamba mkate ukipondwa na kuvikwa krimu bado ni dawa. Walimletea kwa fahari. Walikuwa wakiniangalia mimi kama mtu asiyejali, kwa sababu nilimletea kabichi. Kaa tu, Gunda, sijamaliza, na mlango umebana, utapiga kelele.

Niseme na hili. Gunda si mtu mbaya. Angekuwa mbaya, Nis angemfungia mlango na leo angekuwa anakata nyasi. Watu wabaya hawajawahi kumnenepesha mtu. Mimi niliacha kuoka mwaka 2003, mwaka ilipogunduliwa sukari yake. Anayenitembelea anapata kahawa, jibini na kiti. Tangu hapo wanaonitembelea ni wachache na hawakai. Wanasema nimekuwa bahili. Wala sijawatamani.

Mwaka 2014 figo zilianza kushindwa. Mwaka 2016 alikatwa vidole viwili vya mguu wa kushoto, na hospitalini walimletea kadi za pole na sanduku la biskuti. Nikaliweka nje ya dirisha, ndege wakala. Alinikasirikia. Akasema, "Dada, mimi nikimkatalia mtu chakula chake, nitabaki na nani?" Nilimwambia utabaki na mimi. Akanipapasa mkono kama mtu anayempapasa ng'ombe mkali, akasema, ndiyo, hilo ndilo ninaloliogopa.

Tarehe 10 Oktoba mwaka huu, 2018, ilikuwa siku ya kuzaliwa ya Jes, mwanawe, na meza iliandaliwa nyumbani kwa Jes. Mimi sikuwepo, meza hizo siziendei. Nimeambiwa na Dorthe, mke wa Jes. Alasiri marehemu alianza kutoka jasho na rangi ikamwisha. Akasema taya linamuuma. Mezani wakasema sukari imeshuka, mpeni kitu kitamu haraka. Jes akakata kipande akamlisha baba yake kwa kijiko. Kipimo cha sukari kilikuwa mfukoni mwa koti, mlangoni kwenye kigingi, hatua chache kutoka mezani. Dorthe ndiye aliyekumbuka. Akampima: sukari ilikuwa juu, juu sana. Ndipo akaita gari la wagonjwa. Ulikuwa moyo, na mtu wa sukari ya miaka mingi moyo wake huanguka bila kelele.

Alifariki asubuhi ya Alhamisi, tarehe 11 Oktoba 2018, akiwa na umri wa miaka sitini na tisa. Jes aliwauliza madaktari kama ni kile kipande. Walimwambia hapana, kijiko kile hakikubadilisha kitu. Kilichomwua baba yako kilianza kabla hujazaliwa. Nasema hili hadharani kwa sababu kuna watu tangu siku ile wanamwangalia Jes na kunong'ona. Mnong'one kuhusu mikono yenu. Mikono iliyomlisha Nis iko humu ndani yote, imejaa viti kumi vya mbele.

Sasa Jes.

Asubuhi ileile, kwenye korido ya hospitali, nesi mmoja alimwona Jes anakunywa maji, anarudi, anakunywa tena. Akamtazama shingo, akamwomba kidole, akamtoboa kupima sukari. Akamwambia aende kwa daktari wake wiki hiyohiyo. Jes akasema baada ya mazishi. Dorthe ndiye aliyeniambia. Yeye Jes hakuniambia.

Jumamosi nilikwenda kwake. Alikuwa jikoni, na mabaki ya keki zake za kuzaliwa bado yapo chini ya kitambaa. Nikamwambia, utakwenda lini?

"Shangazi, tumzike baba kwanza. Na baba alikuwa mzee."

"Baba yako alikuwa na miaka sitini na tisa. Mimi nina themanini na moja na nimekuja kwa baiskeli."

"Wewe ni chuma, shangazi. Chuma hakihesabiwi."

"Geuka nikuone shingo."

Akageuka. Kwenye mikunjo ya shingo ngozi imekuwa nyeusi, nene, kama mahameli iliyochafuka. Baba yake alikuwa nayo. Nikamwuliza hiyo ni nini. Akasema grisi ya lori. Nikamwambia grisi huoshwa.

Akacheka, halafu hakucheka. Jes anaendesha lori la chakula cha mifugo, mnajua wote, amewaletea pumba nyie. Akasema, "Nikishajua nitafanya nini? Kazi yangu ni kukaa. Kila shamba ninaloingia naitwa ndani. Nikikataa sahani, mwezi ujao wananunua pumba kwa mwingine." Akatazama mikono yake. "Nilimlisha mwenyewe, shangazi. Sitaki mtu anipime aniambie na mimi nakwenda hukohuko."

Jes hakutaka nisome haya. Aliniomba jana kwa upole. Nimesoma, kwa sababu upole nimeuona ulipompeleka baba yake.

Nilikwenda kwa Daktari Ravn. Sikutaja jina, nilisema mtu wa miaka arobaini na moja, tumbo la baba yake, shingo ya baba yake, kiu. Akanijibu bila kuuliza ni nani, na kwa uso wake alijua. Akasema kwa wakati huu, mtu akianza mapema, mara nyingi ugonjwa huu unageuzika: ini hutoa mafuta yake, sukari hurudi, presha hushuka, vyote pamoja, kwa sababu ni kimoja. Akichelewa, akasema, tutakuwa tunafuata nyuma tena. "Mlete," akaniambia.

Marehemu ameacha mtoto mmoja, Jes, mkwe, Dorthe, wajukuu wawili, Asta na Lauge, ambao niliwaona wiki hii wanapewa peremende kila walipolia, na dada mmoja, Botilla, anayesoma. Alitanguliwa na wazazi wake na mkewe Kjestine, ambaye atalala pembeni yake. Alikuwa mpole, mcheshi, mkweli kwa kila mtu isipokuwa tumbo lake, na wafugaji wa wilaya hii wanadaiwa naye shukrani. Mwenyezi Mungu ampokee. Alale, Nis wetu, mahali ambapo hakuna anayemsukumia sahani.

Na sasa nyinyi. Baada ya kaburi mtakwenda ukumbini, najua, na najua Gunda ameoka tangu Jumanne. Nendeni. Siwezi kuwazuia na sina haja. Lakini desturi yetu ni kwamba kabla ya kuondoka makaburini kila mtu humshika ndugu wa marehemu mkono, na mimi ndiye nitakayesimama pale. Msije. Sitaki pole ya mtu yeyote. Jumatatu saa mbili asubuhi Daktari Ravn atakuwa na nafasi ya Jes. Nimeshaichukua kwa jina lake. Jes hatakwenda peke yake, na akienda na mimi atasema ni wazimu wa shangazi. Anahitaji mmoja wenu, mteja wake, mtu wa zizi ambaye huwa anamwita ndani, amfuate nyumbani, ampeleke, amsubiri nje mpaka atoke, na lori lake likija tena shambani kwake anunue kwake pumba zote kama kawaida na kumpa maji baridi amesimama. Mtu huyo mmoja aje anishike mkono. Wengine wote piteni, kahawa inapoa. Mimi nitasimama hapo kaburini mpaka aje.